Watumishi wa Sauli na Doegi Mwedomi

Neno: 1 Samweli 22:6–19



Sura hii haisomwi mara nyingi katika ibada zetu, kwa kuwa ni habari ya damu. Lakini yafaa isomwe na kila mtu aliye chini ya mkubwa wake: askari na karani, tarishi na dereva, mlinzi wa mlangoni na mwalimu wa shule. Tena yafaa isomwe na sisi watumishi wa Kanisa, maana nasi twapokea maagizo, na mara nyingine twayatoa.

Mfalme Sauli alikuwa ameketi chini ya mti huko Gibea, mkuki mkononi, na watumishi wake wote wamesimama kumzunguka. Moyo wake ulikuwa umejaa wivu juu ya Daudi. Akawauliza watu wa kabila lake kama mwana wa Yese ataweza kuwapa mashamba na mizabibu na kuwafanya maakida wa jeshi, kama alivyowafanyia yeye. Akawalaumu kwamba wote wamefanya shauri moja juu yake, wala hapana hata mmoja amwoneaye huruma. Ndipo Doegi Mwedomi aliposema ya kuwa alimwona Daudi huko Nobu, na ya kuwa kuhani Ahimeleki alimpa mikate na upanga wa Goliathi. Sauli akawaita makuhani wote wa Nobu. Ahimeleki akajibu kwa unyofu kwamba hakujua neno lolote la fitina, tena kwamba Daudi ni mkwewe mfalme na mtumishi mwaminifu. Mfalme hakumsikiliza, akawaamuru askari wake wawaue makuhani wa Bwana. Nao wakakataa kunyosha mikono yao. Basi akamgeukia Doegi, naye Doegi akawaua siku ile watu themanini na watano, kisha mji wa Nobu ukapigwa, wanaume kwa wanawake, na watoto wanyonyao.

Katika habari hii nawaonyesha mambo matatu: mkuki na shamba la mizabibu, mkono wa Doegi, na mikono iliyokataa.

Jambo la kwanza: mkuki na shamba la mizabibu.

Sauli alikuwa na vitu viwili vya kuwavuta watu. Mkuki ulikuwa mkononi mwake ili waogope, na mashamba yalikuwa kinywani mwake ili watamani. Watawala wakatili wa zamani zote hawakupata njia ya tatu. Tazameni habari ya Adolf Hitler, aliyepewa kuongoza serkali ya Udachi tarehe 30 Januari 1933. Aliwakuta watu wake wana njaa na ukosefu wa kazi, nao wana aibu ya vita waliyoshindwa mwaka 1918. Akawapa kazi, na nguo za kiaskari, na vyeo, na wimbo wa kusifu damu yao kwamba yapita damu ya mataifa yote. Hilo lilikuwa shamba la mizabibu. Wala mkuki haukukawia, maana mwezi wa Machi mwaka ule ule kambi ya Dachau ilikwisha kufunguliwa, wakafungwa humo waliompinga.

Tena alitaka neno kubwa kuliko woga na tamaa, yaani dhamiri yenyewe. Tarehe 2 Agosti 1934, siku aliyokufa Rais Hindenburg, askari wote wa Udachi waliapishwa upya. Hawakuapa kuitii nchi wala sheria. Waliapa kwa jina la Mungu kumtii mtu mmoja, Adolf Hitler, pasipo sharti lolote. Na askari wa nchi kavu walivaa mishipi ambayo kifungo chake kiliandikwa maneno ya kwamba Mungu yu pamoja nao. Wengi wao walibatizwa na kufundishwa Katekisimo kama sisi. Basi walikwenda na jina la Mungu kiunoni, wakafanya kazi ambayo mwisho wake ulikuwa kuuawa kwa Wayahudi milioni sita, na watu wengine wengi sana wasio na hatia.

Ndugu, Dr. Martin Luther alitufundisha katika Katekisimo Ndogo maana ya Amri ya Kwanza, kwamba Mungu peke yake ndiye wa kuogopwa na kupendwa na kutumainiwa kupita vitu vyote. Mtu akiapa kumtii mwanadamu pasipo mpaka, amekwisha kumfanya kuwa mungu wake, hata kama amelitaja jina la Bwana katika kiapo chake. Herode naye aliapa mbele ya wageni wake, na kwa ajili ya kiapo kile akakatwa kichwa Yohana Mbatizaji. Je! tumsifu Herode kwa uaminifu wake? Hasha! Kiapo cha kutenda dhambi ni dhambi tayari, na kukitimiza ni dhambi ya pili. Dawa yake ni toba, wala si kukitimiza.

Jambo la pili: mkono wa Doegi.

Angalieni kwamba Maandiko hayaachi kumtaja Doegi kwa kabila lake. Alikuwa Mwedomi. Watu wa Sauli wenyewe walikataa, ndipo mfalme alipomtumia mgeni, ambaye makuhani wale hawakuwa ndugu zake. Hekima hii mbaya wenye nguvu waliijua siku zote, kwamba ukitaka kuwapiga watu, watafute wengine wa mbali wasiokula nao chungu kimoja.

Mji wetu wa Dar es Salaam waijua habari hii. Mwaka 1889 Hermann von Wissmann alikuja pwani kuwapiga watu wa Abushiri, naye alileta askari aliowaandika Misri, wengi wao Wasudani, na wengine kutoka nchi ya Wareno upande wa kusini. Abushiri alinyongwa Pangani mwezi wa Desemba mwaka ule. Baadaye wakaandikwa na watu wa nchi hii, Wanyamwezi na Wasukuma na wengineo, na kwa mikono yao ikapigwa vita ya Maji Maji, tangu mwaka 1905 hata 1907. Vyakula vilichomwa moto mashambani, ghala zikateketezwa, na njaa ikaua watu wengi kupita risasi. Aliyetoa amri alikuwa Mdachi, lakini aliyeshika kiberiti mara nyingi alikuwa mtu mweusi kama wale waliolia. Sisemi hivi ili tuwatupie mawe babu zetu. Nasema ili mtu asijidanganye kwamba dhambi ya utii mbaya ni ya taifa moja tu.

Wadachi walimsimamishia Wissmann sanamu katika mji huu mwaka 1909. Chini ya miguu yake waliweka sanamu ya askari mweusi anayemtazama juu. Waingereza walipoutwaa mji mwaka 1916 waliiondoa, ikaenda Ulaya, ikasimamishwa Hamburg mwaka 1922, na mwaka 1968 wanafunzi wa huko wakaiangusha. Mahali pake hapa mjini Waingereza waliweka mwaka 1927 sanamu ya askari wa shaba, ambaye hata leo asimama katikati ya njia pale Posta, bunduki mkononi, watu wakimpita kwenda kazini. Mji hauna haja tena ya Wissmann. Askari amebaki peke yake, na mkubwa aliyemtazama hayupo.

Nanyi mwaijua Kariakoo. Jina lile latokana na neno la Kiingereza la kikosi cha wapagazi waliokaa kambini pale wakati wa vita ile. Makumi ya maelfu ya wapagazi wa pande zote mbili walikufa kwa kazi na njaa na maradhi. Mabwana wawili waligombana, na watu wetu wakabeba mizigo ya wote wawili.

Sasa nitawaambia habari ya mtu mmoja aliyezaliwa katika mji huu mwaka 1904. Jina lake Mahjub bin Adam Mohamed, nao Wadachi walimjua kwa jina la Bayume Mohamed Hussein. Baba yake alikuwa askari Msudani katika jeshi la Wadachi. Vita ilipoanza mwaka 1914 alikuwa mtoto wa miaka kumi tu, naye akaingizwa jeshini pamoja na baba yake. Mwezi wa Oktoba 1917 alijeruhiwa katika vita kubwa ya Mahiwa, upande wa Lindi, akashikwa na Waingereza. Baadaye alifanya kazi merikebuni, na mwaka 1929 akafika Berlin. Alikwenda kudai mshahara wa vita, wake na wa baba yake, ambao haukulipwa. Wakubwa wakamwambia amechelewa mno.

Hata hivyo alikaa. Alikuwa mtumishi katika nyumba ya kulia chakula, akawasaidia Wadachi kujifunza Kiswahili katika chuo chao, akacheza katika sinema. Aliomba nishani waliyopewa watu waliopigana vita, akanyimwa. Vita ya pili ilipoanza aliomba kuingia jeshini tena, akakataliwa. Alicheza hata katika sinema ya mwaka 1941 ya kumtukuza Carl Peters, yule ambaye Wadachi wenyewe walimwondoa kazini mwaka 1897 kwa ukatili alioufanya Kilimanjaro. Mwaka ule ule wa 1941 alishikwa. Alikuwa na mke, naye alikwenda kwa mwanamke mwingine, Mdachi. Hiyo ni dhambi mbele ya Mungu, nasi hatuifichi. Lakini si kwa uzinzi walimshika. Walimshika kwa kuwa yeye ni mweusi na yule ni mweupe. Pasipo hukumu ya baraza akatiwa katika kambi ya Sachsenhausen, karibu na Berlin, akafa humo tarehe 24 Novemba 1944.

Mtu huyu simfananishi na Doegi, maana mtoto wa miaka kumi hakuchagua. Namtaja ili muone jinsi Sauli alivyo. Kijana alitoa damu yake kwa bendera ile, akaipenda lugha yao, akaomba kuwatumikia mara ya pili. Ujira wake ulikuwa nini? Mtawala anayeabudu damu yake mwenyewe hana rafiki katika watumishi wake, ana vyombo tu, na chombo kikichakaa chatupwa. Heri sisi, ambao Bwana wetu alikataa kutuita watumwa, akatuita rafiki, akatoa uhai wake kwa ajili yetu. Tangu mwaka 2007 jiwe dogo lenye jina la mtu huyu limewekwa katika njia ya Berlin mahali alipokaa. Jina lake ni la Kiislamu, naye hakuwa wa usharika wetu, lakini ni mwana wa mji wetu, na Bwana alitufundisha katika mfano wa Msamaria jirani ni nani.

Jambo la tatu: mikono iliyokataa.

Askari wa Sauli hawakutajwa majina. Hatujui walipigwa au walifukuzwa. Twajua neno moja tu, kwamba amri ya mfalme ilifika masikioni mwao lakini haikufika mikononi mwao. Hawakufanya uasi, wala hawakumchoma Sauli kwa mkuki wake. Walisimama tu, wasinyoshe mikono.

Labda mtu atauliza, “Kuna faida gani? Makuhani walikufa vilevile. Nikikataa mimi, atatafutwa Doegi.” Ndugu, hili ndilo neno ambalo Shetani humnong’oneza kila mtumishi usiku ule kabla ya kutenda uovu. Jibu lake ni hili: siku ya hukumu Mungu hatakuuliza kama jambo lilitendeka. Atakuuliza juu ya mkono wako. Doegi wote wa dunia hawana nguvu ya kuufanya uovu wao kuwa halali kwako. Tena, kama kila asemaye neno hili angalikataa, Doegi angalipatikana wapi? Mfalme ana mkuki mmoja tu.

Huko Udachi walikuwapo wachache waliokataa. Hermann Stöhr alikuwa Mkristo wa Kiprotestanti, naye zamani alikuwa mwanamaji katika vita ya kwanza. Alipoitwa jeshini alikataa kuchukua silaha na kuapa kiapo cha Hitler, akaomba apewe kazi nyingine ya kuwafaa watu. Akauawa Berlin tarehe 21 Juni 1940. Mchungaji Dietrich Bonhoeffer, Mlutheri, alinyongwa tarehe 9 Aprili 1945. Mchungaji Martin Niemöller, aliyekuwa mkubwa wa merikebu ya vita iendayo chini ya maji, alifungwa miaka mingi, kwanza katika Sachsenhausen ile ile, hata mwaka 1941 akahamishwa Dachau. Mchungaji wa Kidachi alitoka kambini katika mwaka ule ule alioingia mwana wa Dar es Salaam.

Walakini lazima tuseme kweli yote. Mwaka 1934 wakristo wa Udachi walikutana Barmen, wakatangaza kwamba Kanisa lina Bwana mmoja tu, Yesu Kristo, wala haliwezi kumsikiliza bwana mwingine. Lilikuwa neno la ushujaa. Lakini juu ya Wayahudi waliokuwa wakiteswa, tangazo lile lilinyamaza. Ndivyo walivyokuwa askari wa Sauli: walizuia mikono yao, lakini hatusomi ya kwamba hata mmoja wao alifungua kinywa kumwombea Ahimeleki, au alikimbia kwenda Nobu kuwaonya wanawake na watoto. Kukataa ni nusu ya kazi. Nusu ya pili ni kusema. Vita ilipokwisha, mwezi wa Oktoba 1945, wazee wa Kanisa la Udachi walikutana Stuttgart, wakaungama kwamba hawakushuhudia kwa ushujaa wa kutosha. Ni vema kuungama, lakini waliokwisha kufa hawakuisikia sauti ile.

Wengine watasema, “Je! si Paulo aliyetufundisha katika Warumi 13 kuzitii mamlaka?” Ndiyo, naye alisema kweli. Serkali ni mtumishi wa Mungu kwa ajili ya mema, nasi twailipia kodi, twaiombea kila Jumapili, na askari mwema ni baraka katika mji. Yohana Mbatizaji hakuwaambia askari waache kazi yao. Aliwakataza kudhulumu watu na kuwashtaki kwa uongo, akawaambia watosheke na mshahara wao. Lakini Petro na mitume walipokatazwa kumhubiri Yesu walijibu kwamba Mungu ndiye wa kutiiwa kuliko wanadamu. Wala Luther hakunyamaza. Mwaka 1526 alimwandikia Assa von Kram, askari, kitabu juu ya swali kama askari naye aweza kuokoka. Alimfundisha kwamba kazi ya askari yaweza kuwa halali, lakini akijua hakika kwamba bwana wake apigana vita ya dhuluma, asimfuate, na amche Mungu kuliko bwana wake. Basi aliyejifunza vema kwa Luther hawezi kusema, “Amri ni amri.” Wakubwa wa Hitler walipohukumiwa Nuremberg mwaka 1945 na 1946, wengi wao walijitetea kwa neno hilo hilo, wala halikuwaokoa.

Sasa, ndugu, tugeukie kwetu. Sisi hatuna Hitler, na labda waona kwamba habari hii ni ya mbali. Lakini Sauli hana haja ya kiti cha ufalme. Aweza kuketi nyuma ya meza katika ofisi ya Posta, akamwambia karani wake aandike tarehe isiyo kweli katika barua, ili mjane akose haki yake. Mkuki ni kufukuzwa kazi, na shamba la mizabibu ni cheo. Aweza kumtuma kijana wa ulinzi kwenda Kariakoo kumwondoa mama auzaye mboga njiani. Kuweka taratibu sokoni ni kazi njema. Lakini kumwaga mboga zake na kumpiga na kuchukua fedha zake mfukoni, hiyo haikuwa amri ya Mungu wala ya sheria, hata kama mkubwa alicheka. Kijana, mkono ule ni wako, si wa mkubwa.

Nanyi walimu na wainjilisti, msijione mbali. Kanisa la Azania Front, lililojengwa tangu mwaka 1898 hata 1902, limetazama bandari muda wote huu. Bendera tatu zimepandishwa na kushushwa mbele yake, na Neno lahubiriwa humo bado. Bendera hazikudumu, Neno limedumu. Kwa hiyo mwalimu asipunguze Neno ili kumpendeza mwenye bendera, wala mzee wa usharika tajiri, wala mchungaji wake. Katika baraza la usharika, maskini akisingiziwa nawe wajua kweli, usitosheke kwamba hukutia sahihi. Fungua kinywa chako.

Wazazi, wafundisheni watoto utii, lakini wafundisheni pia mpaka wake. Mtoto asiyejua kumwambia mtu “hapana” kwa ajili ya Mungu, atakuwa wa kwanza kumfaa Sauli.

Mwisho, tazameni jinsi walivyoishia. Sauli alianguka juu ya upanga wake mwenyewe katika mlima wa Gilboa, na mashamba aliyoahidi yakatwaliwa na Wafilisti. Hitler alijiua tarehe 30 Aprili 1945 katika shimo chini ya Berlin, mji ukiungua juu yake, na watu aliowaapisha akawaacha waokote vifusi.

Lakini yuko Mfalme mwingine. Yeye naye alizungukwa na askari, nao walitii amri: walimpiga, walimsulibisha, waligawana nguo zake. Hakuwaita malaika. Aliwaombea msamaha kwa Baba. Na akida aliyesimamia kazi ile mbaya ndiye aliyeinua macho akakiri ya kuwa mtu huyu alikuwa mwenye haki. Basi kama yuko kati yenu mtu ambaye mkono wake ulikwisha kunyoshwa, kwa sahihi, au kwa fimbo, au kwa kunyamaza, asikate tamaa. Aje chini ya msalaba, aungame, amrudishie aliyedhulumiwa haki yake, naye atasamehewa. Damu ya Mfalme huyu yaosha hata mikono iliyomwaga damu. Ndiye peke yake tuwezaye kumwapia pasipo mpaka, nasi tulikwisha kumwapia katika Ubatizo wetu.

Tuombe. Bwana Mungu, uwape watawala wetu moyo wa haki, na watumishi wao dhamiri iliyo hai. Utupe mikono ikataayo uovu, na vinywa visemavyo kwa ajili ya wasio na msemaji. Utusamehe tulivyonyamaza, kwa ajili ya Yesu Kristo Bwana wetu. Amin.